Mistari kwenye picha ndani ya nyumba, na jua la Dunga linalozama upesi

KameraNyakach: Wakuu, nimepewa kazi ya kamera kwenye filamu fupi hapa Kisumu. Usiku tutarekodi ndani ya nyumba ya mabati mtaani Manyatta, na jioni nyingine ufuoni Dunga jua likizama. Kwenye majaribio, balbu za nyumba zinaleta mistari inayopanda kwenye picha. Natumia fremu 24 kwa sekunde, shata (muda ambao kila fremu hupokea mwanga) 1/60 ya sekunde. Na Dunga nimwombe mwelekezi muda gani?

StimaNaKivuli: Shata ndiyo inayokuletea mistari. Stima yetu ni 50 Hz, kwa hiyo balbu hupepesa mara 100 kwa sekunde. Weka 1/50, ili kila fremu ipate mipepeso miwili kamili. Kamera yako ikipima shata kwa nyuzi, fremu 24 zinataka 172.8, fremu 25 zinataka 180. Kuna balbu za LED za bei rahisi zenye mpigo wake zenyewe, na hizo shata haiziponyi. Balbu kama hiyo ing'oe, funga nyingine, kisha ukague kwenye skrini kubwa, maana skrini ndogo ya kamera huficha mistari hafifu.

Winam_Lenzi: Dunga usichezee saa. Huku ikweta jua hushuka karibu wima. Likibaki nyuzi 6 juu ya maji, una dakika kama 25 tu. Waigizaji wawe mahali pao saa kumi na moja na nusu, mazoezi yakiwa yamekwisha. Anza na picha pana zenye ziwa na mitumbwi. Za karibu ziache mwisho: jua likishazama, uso unaweza kuumulika kwa taa ndogo yenye rangi ya machweo, lakini ziwa zima huwezi kulimulika.

Usiiache kamera ijipimie mwanga. Itafuata mng'ao wa maji, na uso mweusi utageuka kivuli kitupu. Pima uso, halafu simamisha ubao mweupe mpana mbele ya mwigizaji urudishe jua. Ukirekodi mapema, jua likiwa kali, ISO 800 (wepesi wa kamera kupokea mwanga) kwa f/4 (upana wa tundu la lenzi) na shata 1/50 inazidi kwa stopu 8 hivi, kila stopu ikiwa mwanga mara mbili: chukua filta ya ND 2.4, kioo cheusi cha kupunguza mwanga kiasi hicho. Zile za kuzungusha, ukizifikisha mwisho, huchora alama ya X angani.

Ongea na BMU, kamati inayosimamia ufuo, mapema.

Fundi_Kadi: Kwenye mkataba tenganisha malipo yako ya siku na kodi ya vifaa, la sivyo lenzi ikivunjika utailipa kutoka jasho lako. Dai nusu kabla ya siku ya kwanza, na ruhusa ya maandishi ya kutumia vipande vya filamu kuombea kazi nyingine. Kadi isifutwe mpaka picha ziwe kwenye diski mbili, na diski hizo zisisafiri kwenye begi moja.