Kumpokonya Bi Mkubwa maikrofoni mbele ya Ngome! MC mwamjua, leo simnyamazii

MwanaLangoni: Ndugu zangu wa Amu, mji wetu wa Lamu, sijalala na bado natetemeka. Huyo MC wenu, yule wa miwani ya jua usiku wa manane, sina haja ya kumtaja, jana hapo uwanja wa Mkunguni, mbele ya Ngome, amempokonya mtu mzima maikrofoni. AMEMPOKONYA! Wimbo wa vugo, ngoma yetu ya wanawake ya harusi, uko katikati, wanawake twaitikia, vigelegele vyafika Shela, yeye akavamia jukwaa: "Shosho, teremka, watu wataka muziki!"

Muziki! Na tulilokuwa tukiimba ni nini, mnada wa samaki?

Wallahi hata punda waligeuza shingo.

Mwajua aliyefanyiwa haya ni nani? Mama yule aliingia kwenye televisheni ingali Sauti ya Kenya, kabla ya kuitwa KBC mwaka 1989, kabla ya stesheni ya KTN kufunguliwa 1990. Nchi nzima stesheni moja! Studio ziko Nairobi. Avuke hadi gati ya Mokowe kule bara kwa mashua, apande basi hadi Mombasa, apande jingine, akifika apewe maneno manne ya shangazi mkali wa Pwani, na kwa hayo manne watu wavunjike mbavu. Hakuwa nyota, na nani alisema alikuwa nyota? Jina lake lilipita mwisho kabisa, herufi ndogo kama chenga za mchele. Lakini kazi gani hakuifanya? Kuigiza, kuimba, chakacha, lelemama, kuigiza sauti za watu mpaka mwenye sauti aone haya. Hoteli za Malindi amewachekesha Wataliano wasiojua neno la Kiswahili!

Halafu anakuja mtu ambaye kazi yake ni kusema "pigeni makofi" anampokonya maikrofoni. Mkono wa mama ulibaki juu vivyo hivyo, vidole vimekamata upepo. Mkono ule siusahau. Mji wetu uko kwenye turathi za UNESCO tangu 2001, milango ya mbao twailinda hata msumari haupigwi, walio hai twawashusha jukwaani. "Teremka"! Amwambie mamake!

Mkomani_Kijana: Dada, si ulikuwa kiti cha mbele? Mbona hukupanda ukamrudishia? Hapa ndipo wapata sauti.

MwanaLangoni: Nilikuwa na mtoto amelala mapajani! Na wewe ulikuwa wapi, si ulikuwa ukirekodi na simu?

Mkomani_Kijana: Nimerekodi, ndiyo. Yaonekana wewe ukila halua.

BintiWiyoni: Mimi MC huyo namdai. Harusi ya mdogo wangu alikosea jina la bwana harusi, tena akataja la yule aliyeposa mwanzo akakataliwa. Mbele ya wakwe! Mamangu alishikwa na presha.

MwanaLangoni: Pole mwenzangu, lakini huyo hakupokonywa maikrofoni.

BintiWiyoni: Heri angepokonywa yeye!

Kaka_wa_Maweni: Nyinyi Lamu mwadeka. Huku Malindi wazee wa ngoma ya mwanzele waliwekwa juani hadi wageni wa heshima wamalize pilau. Walipoitwa, ngoma zimeshapakiwa garini.

Mwalimu_Mstaafu: Sheria ya Hakimiliki ya 2001 yamtambua mwigizaji na haki zake. Mama huyo awe na mkataba hata wa kupanda jukwaani. Wasanii wetu huitwa kwa salamu, hulipwa kwa asante.

MwanaLangoni: Shikamoo Mwalimu, sawa kabisa, lakini mkataba ungemzuia mtu yule mkono? Alivuta kwa nguvu, waya ukakatika!

Mkomani_Kijana: Ile haikuwa na waya.

MwanaLangoni: ALIVUTA KWA NGUVU.

Jirani_wa_Msikiti: Mimi kero yangu ni hizo spika. Twaswali Isha, imamu hasikiki, madirisha yatikisika. Kamati ipo, yafanya nini?

AbuMatondoni: Kamati! Wamekaa viti vya mbele. Sisi wa Matondoni tulikosa boti ya kurudi, nahodha akataka nauli mara mbili kwa kuwa ni usiku.

BintiWiyoni: Hata Mokowe ni hivyo hivyo. Akiona una mzigo, bei yapanda mzigo haujaguswa.

AbuMatondoni: Na jaketi za kuokolea wamezikalia wao.

MwanaLangoni: Jamani, na mama je?

Kaka_wa_Maweni: Kwani kutoka Mokowe kuja mjini sasa ni pesa ngapi? Nina mgeni Ijumaa.

AbuMatondoni: Mchana au usiku?