Ng'ombe milioni 36, lakini mfugaji wa Tabora bado anakadiriwa uzito wa ng'ombe wake kwa macho mnadani

Wakuu, leo nina hasira na sitaificha.

Kila bajeti ya mifugo ikisomwa Dodoma tunatajiwa idadi. Mwaka 2016/17 ng'ombe walikuwa milioni 28 na ushee, 2022/23 wakapita milioni 36. Nyama nayo imepanda kutoka tani 560,000 hivi hadi kuvuka 700,000, na nyingi ni ya ng'ombe. Makofi. Sasa ng'ombe mmoja mmoja ameongezeka kilo ngapi? Zebu wetu, yaani ng'ombe wa asili mwenye nundu, akichinjwa bado anatoa nyama kilo 100 na kitu, wakati wastani wa dunia unazidi 200. Ongezeko hilo kwa sehemu kubwa ni la vichwa, na malisho ya vichwa hivyo yanazidi kupungua.

Halafu lawama zote anabebeshwa mfugaji. Msukuma na Mnyamwezi eti wanapenda wingi, hawataki kufuga kibiashara. Mnaosema hivyo njooni mnadani huku Nzega siku moja tu.

Mtu ameswaga madume yake tangu usiku, ada ya mtoto inamsubiri. Dalali anamshika ng'ombe mgongoni, anamtazama nundu na mapaja, anataja bei. Ukikataa, mwenzake aliyesimama pembeni anakuja kutaja pungufu ya ile, maana wameshaongea. Jioni inaingia, kumrudisha ng'ombe nyumbani ni kumkondesha zaidi, unauza. Na mizani ipo! Imejengwa kwa fedha za umma, ina uzio wa chuma, na mnada mzima unaendeshwa hatua chache kando yake bila ng'ombe hata mmoja kupimwa. Ila ushuru haukosewi, kila kichwa kinahesabiwa na risiti inatoka papo hapo.

Ng'ombe huyo huyo akifika buchani anauzwa kwa kilo mpaka utumbo. Kwa nini kilo zianze kuhesabiwa baada ya mimi kuondoka?

Hapo ndipo ninapokasirika zaidi, kwa sababu ubora wa nyama unaanzia hapo. Tunahubiriwa kunenepesha. Sawa, Nzega na Igunga tunalima pamba, mashudu (makapi ya mbegu za pamba zilizokamuliwa mafuta) yapo, na dume akilishwa vizuri miezi mitatu anabadilika kabisa. Lakini mashudu nanunua kwa kilo, dawa ya kupe kwa lita, kijana wa kulisha namlipa kila mwezi, halafu kilo nilizoongeza zikadiriwe na jicho la mtu anayetaka kuninyonya? Nani mwenye akili atafanya hivyo? Bora aongeze mitamba miwili aiachie porini. Wingi mnaotulaumu nao ndio huo, mmeulea wenyewe.

Mwezi wa tisa na wa kumi nyasi zimekwisha, ng'ombe mbavu nje, ndipo wengi wanalazimika kuuza ili wapate chakula. Nyama inayotoka hapo ni ngumu, ya mnyama aliyekomaa kwa shida miaka mitano au zaidi. Hoteli kubwa haziitaki. Hata nyama tunayopeleka nchi za Ghuba, nyingi ni ya mbuzi na kondoo. Botswana ina ng'ombe wasiofika milioni 3 na imekuwa ikiuza nyama Ulaya tangu miaka ya 1970. Sisi tulikuwa na kiwanda cha nyama cha Tanganyika Packers tangu 1947, tukaiacha ikafa miaka ya 1990.

Ninachodai hakihitaji mfadhili. Ng'ombe asiyepita kwenye mizani asiandikiwe kibali cha kusafirishwa. Uzito na bei ya kilo viandikwe kwenye risiti ile ile ya ushuru, na bei ya siku ibandikwe getini kabla mnada haujaanza.

Wa Igunga, Uyui, Kaliua, Urambo na ndugu zetu wa Kigoma: mnada wenu una mizani? Inatumika, au ni pambo kama yetu? Semeni hapa, na aliye ndani ya halmashauri yoyote ajibu ni nani anayezuia.