Mteja anakubali kila kitu na habadiliki: mahojiano ya kuhamasisha yanasaidia kweli?

MnasihiMpya

Habari za humu wakuu. Nafanya unasihi kwenye kituo cha afya ya akili. Wateja wengi wanaofika kwangu wana mawili kwa pamoja: sonona na pombe, au wasiwasi na vidonge vya usingizi. Msimamizi wangu ananitaka nitumie mahojiano ya kuhamasisha, yaani mazungumzo ya kumfanya mteja azitoe mwenyewe sababu zake za kubadilika. Nimesoma, semina nimehudhuria, na bado nina shaka.

Nitoe mfano (nimebadilisha kila kinachoweza kumtambulisha). Mwanamume wa makamo, ana sonona, anakunywa kila usiku "ili alale". Mkewe ndiye anayemleta. Kikao cha karibuni kilikwenda hivi:

Mimi: Unajua pombe inaizuia hii dawa ya sonona isifanye kazi vizuri?
Yeye: Najua.
Mimi: Na usingizi wa pombe hukatika katikati ya usiku.
Yeye: Kweli daktari. Lakini nisipokunywa silali kabisa.
Mimi: Umejaribu kuzima simu mapema, kulala saa ileile kila siku?
Yeye: Nimejaribu. Haisaidii.
Mimi: Na mkeo anaumia.
Yeye: Najua. Nitajitahidi.

Akainuka, akaaga, akaondoka. Hiyo "nitajitahidi" nimeshaichoka.

Naomba mnieleze. Kila nilichomwambia ni sahihi kitabibu, sasa kinachokwama ni nini? Pili, nikimwachia "aamue mwenyewe" kama wanavyofundisha, si nitakuwa namtazama tu anavyozama huku nikitikisa kichwa? Na je, kuna ushahidi wowote, au ni fasheni ya semina?

BiMnasihi

Mdogo wangu, rudia kusoma hicho kikao chako na uangalie nani kasema nini. Sababu zote za kuacha zimetoka kinywani mwako. Sababu za kuendelea zimetoka kwake. Mtu mwenye mawazo mawili akikuta umeshaukalia upande wa kuacha, anabakiwa na upande mmoja tu wa kuutetea, na kadiri anavyoutetea ndivyo anavyozidi kujisadikisha. Akichoka kubishana anasema "nitajitahidi" ili aende nyumbani.

Sasa chukua sentensi moja tu, ile ya "nisipokunywa silali kabisa". Wewe uliisikia kama kisingizio ukaitafutia dawa. Mimi ningeiakisi, yaani ningemrudishia alichokisema kwa kauli fupi: "Usiku ndio mgumu." Hapo hakuna swali. Sauti inashuka mwishoni, halafu unanyamaza, na kunyamaza huko kuna kazi kuliko maneno yenyewe. Wateja wa aina yake mara nyingi huendelea hivi:

Yeye: Mgumu sana. Saa tisa naamka moyo unadunda.
Mimi: Inakulaza, halafu haikufikishi asubuhi.
Yeye: Haifikishi. Na siku hizi naongeza.
Mimi: Unaongeza, na hilo linakusumbua.
Yeye: Linanisumbua. Marehemu baba alianza hivihivi.

Umeona? Habari ya usingizi kukatika uliyompa wewe akaijibu "kweli daktari" ameitoa yeye, pamoja na nyongeza ambayo usingeijua: kiwango kinapanda, na kuna baba. Hizo ndizo kauli za kubadilika. Kazi yako yote ni kuzisikia zikipita na kuomba zaidi. "Alianza hivihivi... nieleze." Ukirukia hapo na hotuba juu ya urithi wa ulevi, umemnyang'anya.

Baadaye unamkusanyia: "Pombe ndiyo inayokupa zile saa chache, na hapohapo unaona kiwango kinapanda kama ulivyokiona kwa baba." Upande wa kubadilika uweke mwisho, kwa sababu kwa kawaida ndio atakaoudaka na kuuendeleza.

Kuna swali la namba, huenda semina imekufundisha: kuanzia 0 hadi 10, kupunguza pombe kuna umuhimu gani kwako? Akisema 4, wengi huuliza mbona isiwe 8. Ukiuliza hivyo umemwagiza alete visingizio. Muulize mbona 4, isiwe 1. Kisha uliza namba ya pili, ya kujiamini kwamba akiamua ataweza. Kwa mtu mwenye sonona hii ya pili ndiyo ya kuitazama sana. Utamkuta umuhimu yuko 8, kujiamini yuko 2. Huyo hahitaji tena kuambiwa madhara ya pombe, anayajua kuliko wewe, na kila ukimwongezea unamwongezea aibu. Anahitaji kukumbuka alipowahi kuweza jambo. Ukimsifu, sifia kilichotokea kweli: "Umekuja leo ukiwa hujanywa, na ulijua mazungumzo yatakuwa mazito." Zile "hongera sana" za jumla hazimfikii mtu mwenye sonona.

Taarifa za kitabibu mpe, sijasema umfiche. Omba ruhusa kwanza, mpe kidogo, halafu muulize yeye anaionaje. Ile habari ya dawa na pombe ni nzuri, ila ilifika bila kubisha hodi.

Kuhusu kumwachia aamue: uamuzi uko kwake tayari. Saa nne usiku chupa iko mbele yake, wewe hupo. Kukiri hilo mbele yake si kumtelekeza. Wala wewe si mtazamaji. Unachagua uakisi nini na uache nini, unauliza zaidi pale anapoelekea kubadilika. Hii njia ina mwelekeo, na wanaodhani ni kutikisa kichwa tu hawajaifanya.

Historia kidogo kwa sababu umetaja fasheni. William Miller, mwanasaikolojia wa Marekani, alikuwa Norway mwaka 1982 akizungumza na wanasaikolojia vijana. Waliigiza wateja wao, naye akawahoji, wakawa wanamkatiza: kwa nini umeuliza hilo, kwa nini lile jingine umeliacha? Kutokana na kujieleza huko akaandika makala yake ya 1983 kuhusu wanywaji. Mwanasaikolojia mwingine, Stephen Rollnick, aliungana naye baadaye, na kitabu chao cha kwanza kikatoka 1991. Mwaka 1993 Miller na wenzake walichapisha utafiti ambao natamani kila msimamizi wa vituo vyetu angeusoma: kadiri mtaalamu alivyombana mteja na kumkabili, ndivyo mteja alivyokuwa akinywa zaidi mwaka mmoja baadaye. Kisha kuna Project MATCH, utafiti mkubwa wa Marekani, matokeo yake ya 1997, watu 1,726 wenye tatizo la pombe: vikao 4 vilivyojengwa juu ya njia hii vilikaribiana kwa matokeo na vikao 12 vya tiba mbili nyingine. Si muujiza. Tofauti kati ya mnasihi na mnasihi ni kubwa, na semina peke yake huyeyuka upesi usipopata mtu wa kusikiliza vikao vyako na kukurekebisha.

Neno la pembeni: ile karatasi ya safu mbili, faida za kunywa huku na hasara kule, bado inagawiwa kila mahali. Miller na mtafiti mwenzake, Rose, waliitolea tahadhari mwaka 2015. Mtu ambaye bado hajaamua, ukimfanya azipime pande zote mbili sawasawa, unaweza kuupunguza utayari aliokuwa nao. Inafaa pale ambapo wewe mwenyewe hutaki kuegemea upande wowote.

Nimeacha

Nachangia nikiwa upande wa mteja. Nilikuwa mtumiaji wa unga, na nilikuwa bingwa wa "nitajitahidi". Ukitaka kikao kiishe haraka kubali kila kitu, tunajua wote.

Mnasihi mmoja aliniuliza unga unanipa nini kizuri. Nilidhani ni mtego. Nikaanza kumsifia, mwanzo wangu, raha yake, washikaji. Yule mama anasikiliza tu, hapangui. Sifa zikaniishia njiani, nikajisikia nasema: kwa sasa hakuna raha, navuta ili arosto, yale mateso ya kuukosa, isinikute. Akasema "ni kazi sasa." Nikasema kazi ya mchana na usiku bila likizo.

Sikuacha siku hiyo. Ila ile kauli ilikuwa yangu na sikuweza kumrudishia mtu.

Nyongeza: usimhesabie mteja aliyeteleza kwamba ameanza upya sifuri. Mimi nilipoteleza nilikimbia kliniki kwa kuona aibu, si kwa sababu sikutaka tena.

MuuguziZamu

Wakuu yote mazuri, lakini huyo anayeamka saa tisa moyo unadunda mnaweza kuwa mnamsikiliza huku mwili wake umeshaanza kudai pombe. Kabla hujashangilia akisema "naacha leo", muulize: asubuhi mikono inatetemeka? Anatoka jasho? Kinywaji cha kwanza cha siku anakihitaji ili atulie? Amewahi kupata degedege alipokosa pombe?

Anayekunywa sana kila siku akikata ghafla, degedege linaweza kumpata, mara nyingi ndani ya saa 6 hadi 48. Kuchanganyikiwa, kuona visivyokuwepo na homa hufuata kwa baadhi yao, kwa kawaida siku ya 2 hadi ya 4, na hali hiyo inaua. Kuacha kwake kuwe chini ya uangalizi wa daktari, apewe dawa za kutuliza zinazopunguzwa taratibu, na vitamini B1 isisahaulike. Umetaja pia wateja wa vidonge vya usingizi. Vile vya kundi la diazepamu navyo havikatwi ghafla, vinapunguzwa kidogokidogo.

Jingine: mwenye sonona akikugusia kwamba heri asingekuwepo, acha kuakisi kwanza. Muulize waziwazi kama anafikiria kujiua, ana mpango gani, ana nini karibu. Anza na usalama wake, hamasa itasubiri.

BiMnasihi

Asante sana muuguzi. Hayo ya asubuhi ningeyauliza kabla ya namba zote.

MnasihiMpya

Nimewasoma wote, shukrani. Dada, maswali mawili ya mwisho. Nina kijana mwenye skizofrenia anayevuta bangi. Nikiakisi anapotea, anaruka kwenye habari za majirani wanaomsema. Je, njia hii inamfaa? Na yule bwana wa mwanzo, mkewe huingia naye chumbani. Nimfanyeje?

BiMnasihi

Inamfaa, ila uipunguze makali. Kuakisi kuwe kwa maneno machache sana, swali moja kwa wakati, na umuhtasarie mara kwa mara kwa sababu mawazo yake hayakai. Subiri jibu kuliko ulivyozoea. Habari za majirani usizipinge wala usiziakisi kwa urefu, utazinenepesha. Chukua kinachomuumiza ndani yake: "Hulali kwa ajili hiyo." Kisha sikiliza kama mwenyewe anaunganisha. Wengi wao husema, bila kuulizwa, kwamba wakivuta, zile sauti wanazozisikia kichwani zinapanda, au kwamba wanavuta ili watulie na saa chache baadaye inakuwa mbaya zaidi. Hapo ndipo pa kukaa. Na dawa zake ziwe zimekaa sawa, mtu aliye katikati ya kuchanganyikiwa hazungumzishwi juu ya kuacha bangi.

Mke: mwone bwana peke yake kwanza, kisha muulize angependa mkewe ashiriki kwa namna gani. Mama akiingia, usimkalishe kuwa shahidi wa mashtaka. Muulize ni siku gani alimwona mumewe akiuvuka usiku bila pombe, na siku hiyo ilikuwaje. Ataanza na lawama, mpe nafasi, ana haki nazo. Ukimrudisha kwenye swali mara nyingi ana jibu, na bwana atalisikia kwa mara ya kwanza.

Omba idhini ya kurekodi kikao kijacho. Sikiliza dakika kumi tu, uhesabu maswali yako na mara ulizoakisi. Lenga kuakisi mara mbili kwa kila swali. Katika kipande ulichokiandika hapo juu hukuakisi hata mara moja, kwa hiyo anza na kuakisi mara moja kwa kila swali, inatosha kwa sasa. Ukipata sentensi iliyokukwamisha ilete hapa, tutaichambua.