Vichanja vya dagaa: mradi ukifungwa, elimu inabakije mwaloni?

Mwalo_wa_Ilemela

Shikamooni wakubwa, na wenzangu habari za leo.

Nauliza kwa niaba ya kikundi cha akina mama wakausha dagaa kwenye mwalo (ufuko wa kupokelea samaki), wilaya ya Ilemela, Mwanza, kando ya Ziwa Victoria. Huku kwetu semina hazikosekani. Tunaambiwa dagaa wa mchangani hawana soko, vichanja (meza za nguzo na wavu za kuanikia) vinajengwa, picha zinapigwa, mradi unafungwa. Baada ya masika mawili nguzo zimeliwa na mchwa, wavu umelegea, na watu wamerudi kuanika chini. Kila mtu anajua kichanja ni bora, na bado hakidumu.

Naomba mnisaidie mambo matatu. Vipimo sahihi vya kichanja ni vipi? Tunajuaje dagaa wamekauka bila kubishana? Na la mwisho, ambalo ndilo linaniumiza kichwa: wanachama huja na kuondoka, sasa ujuzi huu tuuweke wapi ili usiondoke na mtu?

Nyegezi_Samaki

Marahaba, dada. Nianze na la pili, maana hilo linamalizwa na mizani.

Dagaa wabichi waliochujwa maji vizuri wana takriban asilimia 75 ya maji. Kwa hiyo kwenye kilo moja, kitu kikavu ni gramu 250 tu. Ili wasiote ukungu ghalani, maji yashuke hadi kama asilimia 12. Gawanya 250 kwa 0.88, unapata gramu 284. Basi kila asubuhi pimeni kilo moja ya dagaa waliokwisha kuchujwa, muwatenge kwenye kipande chao cha wavu, juu ya kichanja kilekile na kwa unene uleule wa wenzao. Jioni wapimeni tena. Mizani ikisoma kati ya gramu 280 na 290, kusanyeni. Ikisoma 330, ndani bado kuna karibu robo nzima ya maji, na gunia hilo litapata joto na kuvunda likiwa safarini. Mizani ndogo ya jikoni inatosha. Mkiwaosha kwa maji ya chumvi, uzito wa mwisho utapanda kidogo kwa sababu chumvi nayo inabaki, kwa hiyo wekeni kipimo chenu cha dagaa wa chumvi peke yake.

Msitegemee kugusa kwa mkono peke yake. Jua kali hukausha ngozi mapema huku nyama ya mgongoni ikiwa bado mbichi. Mvunje dagaa katikati: akipinda bila kukatika, bado.

Vipimo sasa. Kimo mita 1, upana mita 1.2 ili mtu afike katikati akiwa upande wowote, urefu mita 10. Hiyo ni mita za mraba 12. Pakieni kilo 3 mbichi kwa mita ya mraba, yaani kilo 36 kwa kichanja, ambazo ni ndoo mbili za lita 20. Semina nyingi huishia kwenye kimo na kusahau ujazo, wakati ujazo ndio unaoharibu kazi. Mtu akiona kichanja kina nafasi anamwaga ndoo ya tatu, tabaka linakuwa nene, dagaa wa chini wanachemka badala ya kukauka, na ifikapo saa nane mchana harufu imeshabadilika. Lawama anabebeshwa kichanja.

Halafu upepo. Kichanja kinashinda mchanga kwa sababu hewa inapita chini na juu. Jua lenyewe hata mchangani lipo. Mchana upepo huku kwetu huvuma kutoka ziwani kwenda nchi kavu, kwa hiyo ubavu mrefu wa kichanja uutazame ziwa, na mbele yake pasiwe na banda wala mitumbwi iliyopandishwa. Vichanja vikipangwa kwa mistari, achieni mita 2 kati ya mstari na mstari.

Wavu nao una mambo yake. Ukilegea katikati, dagaa wanakusanyika kwenye bonde na hawakauki. Pitisheni waya au fito chini yake kila baada ya sentimita 50. Matundu yasizidi milimita 5 au 6, maana dagaa hunywea wakikauka na wadogo wataanguka. Na tafadhali sana, msitumie chandarua chenye dawa. Nimeona watu wakikipendekeza kwa sababu ni rahisi kukipata. Dawa ile imewekwa iue mbu, haikukusudiwa kugusana na chakula.

Fundi_Nguzo

Kuhusu mchwa: watu hupaka oili chafu ya injini. Mchwa inawazuia kwa muda, lakini mvua ikinyesha oili inatiririka ziwani, na mikono inayoshika nguzo ndiyo hiyo inayogeuza dagaa. Chomeni ncha badala yake. Sehemu itakayozama ardhini, sentimita 50, pamoja na sentimita 15 za juu yake, iungueni kwa moto mpaka iwe nyeusi pande zote, kama milimita 3 kwenda ndani. Shimo lijazwe kokoto, udongo msiurudishe, ili maji yasituame. Mkaratusi mbichi msiutumie, utapinda na kuulegeza wavu wote. Uanikwe kivulini kwanza.

Mchwa akiingia nguzo moja, itoeni hiyo moja. Kichanja huwa hakifi siku moja, kinaanza nguzo moja ambayo kila mtu anaiona na hakuna anayehusika nayo.

Mchuuzi_Kirumba

Wakuu, yote mazuri, ila semeni ukweli: tatizo ni bei. Mama anakausha vizuri kichanjani, anafika sokoni, mnunuzi anampa bei ileile ya mwenye dagaa wa mchangani. Kwa nini ajisumbue? Mwingine anachanganya magunia makusudi, dagaa safi juu, wa mchangani chini. Elimu isiyolipa mtu ataiacha, na mimi simlaumu.

Nyegezi_Samaki

Mchuuzi hajakosea, ila mnunuzi naye analipa bei ya wasiwasi. Hajui ndani ya gunia kuna nini, kwa hiyo anakadiria chini. Mwonyesheni. Chukueni glasi ya maji safi, tieni konzi moja ya dagaa kutoka katikati ya gunia, koroga, subiri dakika mbili. Dagaa wa mchangani huacha tabaka la mchanga chini ya glasi, na hakuna maneno yanayoweza kulificha. Wa kichanjani huacha magamba machache tu. Mnunuzi achague mwenyewe gunia la kujaribia.

Lakini hili linafanya kazi mkiuza kwa pamoja, mzigo wenye alama moja ya kikundi. Mwanachama mmoja akichanganya, alama yote imekufa. Wa mchangani, kama wapo, wauzwe waziwazi kama chakula cha kuku.

Mwalo_wa_Ilemela

Asanteni sana. Glasi tutaianza wiki hii. Masika tunafanyaje? Na chumvi, tuweke au tusiweke?

Nyegezi_Samaki

Chumvi nusu kilo kwenye maji ya lita 20, mnawaosha kwa muda mfupi na kuwachuja. Inapunguza nzi na kuchelewesha kuoza. Kiangazi ni msaada mzuri. Masika ina madhara yake: chumvi huvuta unyevu wa hewani, dagaa waliokauka jioni mnawakuta asubuhi wamelainika. Mkiitumia, hifadhini siku hiyohiyo. Maji yenyewe msichote pale mitumbwi inapotia nanga na watu wanapofulia. Ingieni kina kirefu au tumieni maji yaliyotibiwa.

Turubai lisilale juu ya dagaa. Jengeni mgongo wa fito katikati ya kichanja, turubai lininginie kama paa, na pande ziachwe wazi kiasi cha kiganja ili hewa ipite. Kabla ya kufunga gunia, waacheni wapoe kivulini. Wakifungwa wakiwa na joto la jua, mvuke unageuka maji humohumo. Magunia yakae juu ya chaga, mbali na ukuta. Wadudu wakionekana, anikeni upya na mpepete. Dawa ya kupulizia msiipeleke kabisa karibu na chakula.

Daftari_la_Ziwa

Nijibu lile la tatu, maana naona limerukwa.

Ziwa hili limeshaonja uamuzi unaofanywa mbali na mwalo. Sangara aliletwa miaka ya 1950 na 1960, na kufikia miaka ya 1980 aina nyingi za furu, samaki wadogo wa asili wa ziwa hili, zilikuwa zimetoweka au kupungua vibaya. Furu walikuwa wanakauka juani. Sangara ana mafuta mengi, alihitaji moshi, na moshi ukahitaji kuni. Watu wa mialoni walibaki kujifunza upya peke yao. Dagaa alibaki, na yeye jua linamtosha. Ndiyo maana kila ndoo inayooza ufukweni ni hasara mara mbili: samaki amevuliwa, na hakuna aliyemla.

Kwa hiyo, dada, ujuzi uwekeni kwenye daftari na kwenye zamu. Daftari moja la kurasa ngumu, mstari mmoja kwa siku: tarehe, ndoo zilizoingia, saa walipofika mwaloni, saa walipoanikwa, mvua au jua, uzito wa ile kilo ya mfano jioni, kilo kavu zilizopatikana, bei. Hesabu yake ni rahisi: kilo 36 mbichi zitoe kilo kavu kama 10. Zikitoka 7, kuna wizi, ndege au wavu uliotoboka. Zikitoka 13, hawajakauka. Giza mbili tu (giza ni kipindi cha mwezi ambacho dagaa huvuliwa kwa taa, mbalamwezi isipokuwepo) zikipita mtaona wenyewe kwamba dagaa waliocheleweshwa hadi saa tatu asubuhi ndio wanaoshusha bei, bila mtaalamu kuja kuwaambia.

Mshika mizani abadilike kila giza, na anayetoka akae na anayeingia siku tatu za mwanzo. Mwanachama mpya asipewe kichanja mpaka amepima na kuandika giza nzima chini ya mwenzake. Sharti hilo lipitisheni kwenye mkutano wa BMU (kikundi cha wananchi cha kusimamia uvuvi) ya mwalo wenu ili lisitegemee hisani ya mwenyekiti.

Na fedha ya matengenezo ikatwe kwa ndoo, si kwa mchango wa dharura. Tuseme shilingi 300. Vichanja 10, ndoo mbili kila kimoja, siku 18 za kazi katika giza moja: ndoo 360, shilingi 108,000. Ikae kwenye kisanduku cha peke yake, isichanganywe na mikopo ya kikoba. Wavu na nguzo za akiba zinunuliwe kabla ya Machi, mvua zikishaanza kila mwalo unautafuta wavu huohuo.