Vijana wa kujaza nyimbo kwenye flashi: wafukuzwe ao walipishwe?

Wandugu wa Lubumbashi, kuna wanaotaka komini iwaondoe vijana wanaokaa kando ya masoko na kompyuta na bafle (spika kubwa), wanaokujazia flashi nyimbo na filamu kwa franka chache. Eti ni wezi. Mimi nasema wabaki, ila walipie haki za watunzi.

Spotify, ya kusikiliza nyimbo kwa intaneti, ilifika Kongo Novemba 2021, lakini inakula mega. Muuza makala ana kasimu ka kubonyeza na kadi memori, basi. Kijana anamuuliza: "Za Kinshasa, za injili ao kalindula za Zambia?" Anachagua, anabofya, wanapiga soga mstari ukijaa kwenye skrini, mama anarudishiwa kadi yake. Umeme ukikatika usiku, muziki upo.

Mwaka 1952 Hugh Tracey, mtafiti wa muziki, alimrekodi mpiga gitaa Bosco Mwenda kule Jadotville, Likasi ya leo, na santuri zikamfikisha hadi Nairobi. Santuri ilikuwa na kampuni, unajua pa kwenda kudai. Kwenye flashi utamdai nani?

MPIGA GITAA, KATUBA: Ndugu, unatetea wizi kwa sababu ni wa bei nafuu. Nimelipa studio, nimelipa klipu, wimbo unapigwa kwenye mabasi, mimi sioni hata franka. Sheria ya haki za watunzi ipo tangu Aprili 1986. SOCODA, shirika la kukusanya haki hizo, ipo. Waanzie hapo hapo sokoni.

MAMA WA KAMALONDO: Mwanangu, na kwenye hayo mabasi ulifikaje? Dereva alikwenda kununua wapi? Kuko wanamuziki banamupelekea kijana wa flashi nyimbo beye benyewe, na kitu kidogo juu yake, ili aipige kwa sauti watu wapite wasikie. Asubuhi unamubembeleza, mangaribi unamuitia polisi!

MPIGA GITAA: Mama, ni kweli tunampelekea. Wimbo mmoja, wa kutangaza. Si albamu nzima.

MWENYE MADA: Basi alipe kila mwezi, kama kodi ya meza sokoni. Kinachonisumbua ni kugawa. Nani atahesabu nyimbo zilizojazwa? Tusipoangalia, pesa yote itapanda kwa wenye majina makubwa Kinshasa, wa Katuba abaki na makofi.

MWENYE MEZA YA FLASHI, KOMINI YA KENYA, LUBUMBASHI: Mimi ndiye huyo mnayemsema. Kulipa sikatai. Lakini nipewe karatasi yenye muhuri, maana kila wiki anakuja mwingine anasema ametumwa.