Ronini 47 kwenye filamu za kimya: uaminifu au utumwa?

Kisiki: Wadau, tujadili. Mwaka 1701 bwana mmoja wa Japani, Asano, alimchomolea Kira, ofisa wa serikali, upanga ndani ya ngome ya Edo (Tokyo ya leo), akaamriwa ajiue siku ileile, Kira hakuadhibiwa. Watu wa Asano wakawa ronini, yaani samurai wasio na bwana, wakaficha nia yao karibu miaka miwili, kiongozi wao Oishi, halafu wakaenda kumkata Kira kichwa. Makino Shozo akaitolea filamu enzi za kimya, kinara Onoe Matsunosuke, nyota mkubwa wa kwanza wa sinema Japani. Mimi nasema zile filamu zilifundisha watu kutii bwana mpaka kaburini. Huo ni utumwa.

BintiPemba: Utumwa wapi?? Walijua watakufa na wakaenda, mtumwa gani anachagua? Na mbona filamu ya Orochi ya 1925 umeiruka? Humo Bando Tsumasaburo anaigiza samurai mwenye moyo safi, anafukuzwa kisa kagombana na kijana wa cheo, akijaribu kutenda mema anaonekana mhalifu, mwisho polisi wamemzunguka kila upande anapigana peke yake. Pale bwana wa kumtii hayupo.

Mzee wa Gati: Wanangu, hizo filamu hazikuwa kimya. Pembeni ya pazia alikuwepo benshi, anasimulia na kuigiza sauti za wote, akitaka umlilie Oishi utamlilia. Kama Lufufu wetu tu, yule aliyesimulia filamu za nje kwa Kiswahili kwenye mikanda ya video.

Kisiki: Shikamoo mzee, ila hapo hapana. Benshi alikuwa staa, watu walilipa kumsikia yeye, Lufufu alikuwa anatafsiri tu.

Chausiku: ANATAFSIRI TU?? We ulikaa kwenye kibanda cha video kweli? Marehemu mama yangu hakujua neno la Kiingereza na alitoka pale akilia, sisi mkanda usio na sauti ya Lufufu tulikuwa hatuingii. Muombe radhi.

Kisiki: Sijamtukana mtu, nimesema kazi ni tofauti, benshi hakuwa na sauti ya waigizaji ya kushindana nayo

Chausiku: Basi Lufufu ndo alikuwa na kazi ngumu zaidi, umejijibu mwenyewe.

BintiPemba: Na huyo staa wako filamu za sauti zilipoingia alipoteza kazi, 1932 benshi waligoma na haikusaidia. Haya, rudi kwa Oishi, swali langu la Orochi bado hujalijibu.

Kisiki: Nitajibu, ila kwanza Chausiku aache kuniwekea maneno mdomoni.