Mrejesho: Vikate vya unga wa mahindi vimekubali

Wakuu, nilileta swali hapa kuhusu johnnycake, vikate vya unga wa mahindi vya Rhode Island, Marekani. Vyangu vilikuwa vinavunjika kila nikigeuza.

Aliyesema niuunguze unga kwa maji yanayochemka, Mungu akubariki sana. Unga wa mahindi hauna mnato wa ngano, kwa hiyo maji ya moto ndiyo yanayoushikanisha. Nilitia chumvi kwenye sembe, nikamimina maji yakitokota huku nakoroga kwa mwiko, nikafunika dakika 10, kisha nikalegeza kwa maziwa kidogo. Kikaango cha chuma kiwe kimeshika moto. Ukishachota usikiguse kikate mpaka kingo zikauke na kiachie chenyewe! Nje vimekauka rangi ya dhahabu, ndani laini kabisa.

Na aliyeshauri kutumia tui la nazi, ladha ni tamu mno, na huku Mtwara nazi tunazo. Ila vinashika chini upesi, punguzeni mkaa.

Dona imenikatalia, chengachenga zilibaki ngumu na vikate vikameguka pembeni. Mwenye mbinu ya dona aiweke hapa. Asanteni sana, nyumbani tumevila na samaki wa kukaanga.